Kidole cha Mchawi wa Kimanga

Katika filme zetu za mtaa wa Kimanga nimekufa mara nyingi kuliko mtu yeyote wa Uvira. Mwisho ni uleule siku zote: pasta ananiombea kwa kelele, mimi naanguka, nagaagaa kwenye vumbi, moshi unatoka chini ya kikwembe nilichojifunga kiunoni. Moshi wenyewe ni wa makaa, na kuna siku uliniunguza goti. Niliingia kazi hii kwa sababu mama aliyepewa nafasi ya mchawi alikatazwa na mumewe, na mimi sina mume wa kunikataza kitu. Nilikuwa nauza ndagala, dagaa wa ziwa letu, mbele ya ile nyumba waliyokuwa wakirekodia. Mwenye kamera aliniangalia macho tu, akasema ni huyuhuyu.

Kile kidole kilichonipa jina hakukipanga mtu. Mtoto wa jirani alikuwa analia katikati ya kazi, nikamfanyia kama bibi yangu wa milimani alivyotufanyia sisi: nikalowesha kidole gumba kwa mate, nikampaka kwenye paji la uso, nikamwambia akue. Kwetu ndivyo bibi mzaa mama anavyompokea mjukuu siku anapotolewa nje mara ya kwanza, na asipofanya watu huuliza kwa nini amemkataa. Basi mwenye kamera alikuwa anarekodi kimyakimya. Kwenye filme yake mtoto yule anapakwa mate, na asubuhi anakutwa amekufa.

Hapo ndipo nilipojulikana. Watu walihamishiana ile filme kwenye simu mpaka ikafika nisikokujua. Vijana wa sokoni wakawa wananionyesha kidole gumba na kucheka, wamama wananunua ndagala huku wamewafunika watoto vichwa mgongoni. Sikukasirika. Haya, nilikasirika, lakini ndagala zilikuwa zinaisha mapema.

Kisha binti yangu, aliyeolewa Luvungi, akazaa. Wakwe wakanipigia simu: siku ya kumtoa mtoto nje tunakungoja, mama, uje umpokee. Nikaitika vizuri, nikaweka simu, ndipo nikaanza kuwaza. Uvira wananijua mimi na beseni langu, wanajua ni mchezo. Luvungi wananijua kwa lipi? Niliwahi kusikia habari za mama mmoja wa huko bondeni, alisemwa mchawi kwa maneno matupu na nyumba yake ikachomwa. Yeye hata filme hakucheza. Wangu ushahidi uko kwenye simu ya kila mtu.

Siku ilipofika nilikodi pikipiki kwenda Luvungi. Mwenye pikipiki alinitambua kabla hatujatoka mjini, na njia nzima alikuwa ananichungulia kwenye kioo. Kwenye barrière, kile kizuizi cha barabarani, askari akaniamuru nishushe kitambaa nilichojifunika hadi puani. Aliponiona akacheka, akaita wenzake. Nikacheka nao, jasho likinitiririka mgongoni. Mara mbili nilifungua mdomo nimwambie mwenye pikipiki ageuze. Lakini mjukuu wangu wa kwanza, nisimshike? Nikafunga mdomo.

Ua ulikuwa umejaa viti vya plastiki na watu. Mama mkwe wa binti yangu, mwanamke mnene mwenye mikono ya jembe, alinikumbatia, halafu akanishika mabega na kuniangalia usoni kwa muda mrefu. Nikajua ameiona filme. Akaniletea bugali na samaki, nikala bila kusikia ladha. Watoto walijipanga ukutani wakinikodolea macho. Nilitafuta mlango wa ua uko upande gani, nikajiambia nikikimbia ndiyo watanifukuza kweli. Niliogopa, sitaki kudanganya.

Binti yangu akatoka na mtoto amefungwa blanketi jeupe. Watu wote wakageukia kwangu. Mama mkwe akasimama, nami nikashika kiti kwa mikono yote miwili.

“Mukwe,” akasema, “ile filme yako tuliiona sisi wote hapa. Minye nilicheka mpaka machozi ikatoka. Sasa utufanyie ya kweli, mutoto iko anakungoja weye.”

Watu wakaangua kicheko. Nikajiona mjinga wa mwisho, nikainuka huku nacheka mwenyewe. Nikalowesha kidole gumba, nikakinyoosha.

Mkono wa binti yangu ukaja ukafunika paji la mtoto.

Hakuniangalia. Alisema kwa sauti ya chini, nikasikia mimi peke yangu: “Mama, minye naogopa.”

Huyu nilimpaka mwenyewe alipozaliwa, kwa kuwa mama yangu alikuwa ameshakufa. Huyu ndiye aliyekuwa ananipuliza lile goti lililoungua, anajua kwamba moshi ni makaa. Nilitafuta hasira, mimi ambaye hasira hainipotei hata siku moja, sikuiona. Iliniuma tu, hapa kifuani. Wakwe walikuwa hawajagundua kitu, bado wanacheka, wanangoja. Nikirudisha mkono, watasema nimemkataa mtoto, na ubaya huo utabaki kwa binti yangu ndani ya ua huo.

Nikaweka kidole juu ya mkono wake, nikaupaka taratibu kama paji lenyewe.

“Ukue,” nikasema.

Wamama wakapiga vigelegele. Binti yangu hakuufuta ule mkono. Wala hakuutoa kwenye paji la mtoto.