Sura Waliyoiondoa Jaladani

Mwezi uliopita nilikuwa Pazhou, kusini mwa Uchina, kwenye maonyesho ya biashara. Nimekaa napumzisha miguu, televisheni ya ukutani ikaonyesha mwigizaji mkongwe wa sinema wa Taiwan akipewa tuzo. Mtangazaji akasema kwamba "amerudi". Nilikasirika hadi chai ikanishinda. Amerudi kutoka wapi? Mimi nilikuwepo alipoondolewa, ndugu yangu, na aliyemwondoa nilikuwa nikila naye sahani moja.

Ilikuwa mwishoni mwa miaka ya tisini. Mama alikuwa akinunua nguo katika soko la Zhanxi na kuzituma Dar es Salaam, nasi tulipanga chumba Kangle, mtaa ambao kila mlango ulitoa mlio wa cherehani. Mchana nililelewa na jirani, mama wa Kichina aliyekwisha kuzeeka. Nilimwita bibi, kwa Kikantoni chao. Kazi yake ilikuwa kukata nyuzi zilizobaki kwenye mashati ya karakana, nami nikimsaidia. Uji wangu wa wali aliupika kwenye sufuria ya pembeni isiyowahi kuguswa na nguruwe. Hakuna aliyemwagiza. Alimwona mama akikataa nyama mara moja, ikatosha.

Tukikata nyuzi, tuliangalia sinema za yule mwigizaji. Nilimwona akiwa binti wa upanga anayeruka mapaa. Kisha mke anayesubiri mume. Kisha mama mkwe mkali. Kisha mpishi tu, anayeweka bakuli mezani na kutoka. Umri ulivyopanda ndivyo maneno yake yalivyopunguzwa. Bibi alikuwa akisema, "Huyu na mimi tumeota mvi pamoja," na kila bakuli lilipowekwa mezani alisonya.

Halafu ikaja sinema moja ambayo yeye ndiye kiini chake: mjane mwenye mgahawa. Jalada la diski lilikuwa uso wake peke yake, na mikunjo yote. Bibi aliliegemeza kando ya picha ya marehemu mumewe.

Mjomba, kaka yake mama, alikuwa akinunua diski za sinema kupeleka Kariakoo. Desturi ya biashara ile ilikuwa kubadilisha majalada huku huku, kabla ya mzigo kufungwa, yavutie macho ya wanunuzi wa nyumbani. Bibi alimsihi kupitia kwangu: nyingine fanya utakavyo, hii iache. Mjomba akaitikia kwa kichwa. Wiki iliyofuata akamletea nakala mpya ya sinema ile ile, zawadi, kwa mikono miwili kama alivyofundishwa na wenyeji. Jaladani palikuwa na msichana mwenye upanga ambaye hata hayumo kwenye sinema.

Bibi aliligeuza mbele na nyuma, akaniuliza mwigizaji mwenyewe yuko wapi. Nikamwuliza mjomba.

"Mwambie Kariakoo hawanunui bibi kizee," akasema huku akicheka. "Biashara hiyo. Asininunie."

Nilitafsiri neno kwa neno. Bibi hakupandisha sauti.

"Mwulize mama yake ana umri gani. Siku ya kumpiga picha, watamweka nani badala yake?"

Mjomba aliacha kucheka. Mama akamwambia arudishe jalada la kwanza, naye akajibu kwamba mzigo umeshapakiwa. Na kweli ulikuwa umepakiwa. Bibi akamrudishia zawadi yake kwa mkono mmoja. Tangu siku ile mlango wake haukufunguliwa tena kwetu. Nilikuwa nikikaa ngazini, nikisikia sinema ndani, nikinusa uji usio wangu.

Jengo lile halipo tena. Diski nazo zimekufa, na watu huniambia niyaache, ndivyo biashara ilivyo. Siyaachi. Kule nyumbani kuna watu wazima sasa ambao utotoni waliitazama sinema ile sebuleni, wakimngoja msichana wa upanga hadi picha ya mwisho. Hakutokea. Na kikongwe aliyekuwa mbele yao muda wote walimwona kama mtu anayewachelewesha.