Walimu wa Kuazima

Tumemzika mwalimu mkuu wa shule moja ya msingi karibu na Rwamgasa. Ni mama yule aliyekuwa akinipigia simu kila niliposifia madarasa mapya kwenye safu hii. "Shikamoo hunipi, na bado unaandika uongo!" ndivyo alivyoanza. "Hizo kuta zinafundisha?" Madaktari wanasema presha ndiyo iliyomwondoa. Mimi si daktari.

Shule yenyewe iko jirani na mashine za kusaga mawe ya dhahabu. Walimu wanaopangiwa pale hukaa muhula mmoja, wakisikia wenzao wa machimboni wamepata, nao wanaaga. Mama yule alibaki, akifundisha darasa la kwanza na la pili kwa kusimama barazani katikati ya milango miwili, huku sauti ikimkauka. Sasa huku kwetu kuna mchezo, na msijifanye hamuujui: mgeni mkubwa akija, shule inaazima walimu kwa jirani. Wanaletwa na bodaboda wamevaa tai, kila darasa linapata mtu wa kushika chaki, mgeni anafurahi, na mchana wanarudishwa kama viti vya harusi. Watoto wa huko walikotoka walimu hao siku hiyo wanacheza tu. Nani anajali? Mama huyu alipoagizwa aazime, alikataa katakata. Mheshimiwa akaja, akakata utepe wa darasa jipya, akakuta watoto wa darasa la pili wanamkodolea macho. "Mwalimu wao yuko wapi?" "Tulikuwa tunakusubiri wewe, mheshimiwa," akajibu mama, akimpa chaki kwa mikono miwili, kwa adabu zote. Mheshimiwa akacheka, akapigwa picha na ile chaki, akasema, "Mama, hilo tumelichukua." Mpaka leo sijui walilipeleka wapi.

Basi huyohuyo akaja msibani na msafara wa magari. Akashika kipaza sauti, akafuta macho, akatangaza kwamba lile darasa litaitwa kwa jina la marehemu. Makofi! Jamani, makofi makaburini. Bibi mmoja muuza dagaa, mwenye mjukuu darasa la pili, akasimama. "Mwadila, baba," akamsalimu kwa Kisukuma. "Jina tumelipokea. Kesho asubuhi anaingia nani kufundisha?" Mshereheshaji akaita kwaya haraka. Kwaya ikaimba, tena vizuri kweli.

Kesho yake nilipita pale. Fundi rangi alikuwa juu ya ngazi, anaandika jina la marehemu juu ya mlango. Fundi huyo amepatikana kwa siku moja, wala hakuazimwa. Nikachungulia ndani. Darasa la pili wakasimama wote, wakaniamkia kwa pamoja: "Shikamoo mwalimu!" Nyinyi mnaotaka kumuenzi yule mama, acheni rangi zenu. Wapelekeeni watoto wale mtu wa kuwaitikia marahaba, na keshokutwa bado awepo.