Siku Mama Alipokwenda Kuhani

Nakumbuka alasiri moja ya kiangazi, mwanangu, kijijini kwetu karibu na Kolandoto, nilipomzuia mama yangu mlangoni kwa mikono miwili.

Miaka hiyo ya sabini nilikuwa mwalimu kijana. Mtawa mmoja alinipa kitabu cha hekima cha mzee mmoja wa Roma ya kale, kilichotafsiriwa kwa Kiingereza chepesi cha siku hizi. Jioni nilimgeuzia mama maneno yake kwa Kisukuma huku akimenya karanga. Neno moja alilipenda: yako mambo yaliyo mikononi mwetu, na yako yasiyo yetu. Mengine alibishana nayo. "Huyu mzee hajawahi kuzaa," alikuwa akisema.

Basi mtoto wa jirani yetu, Mama Shija, akafa ghafla. Macho ya mama yangu yalikuwa mekundu kwa moshi wa jikoni wa miaka mingi, na kwetu macho mekundu ya mwanamke mzee yalitosha kumwita mchawi. Minong'ono ikaanza kwamba yeye ndiye aliyemroga mtoto. Watu husema lisemwalo lipo. Mimi nimeona lisilokuwapo likisemwa, na likaua.

"Mayu, mama yangu, usiende," nilimsihi. "Wanaume wako pale na mapanga."

"Kwenda kuhani msiba ni juu yangu, Kabula. Watakavyonitazama ni juu yao. Au tulikuwa tunasoma tu?"

Nikabeba unga wa rambirambi, nikamfuata.

Tulipoingia uani wanaume walisimama. Hakuna aliyeitikia salamu yetu. Mmoja akaja kutuziba njia, panga mkononi. Mama akampita kando, polepole, akaketi chini mbele ya mfiwa.

"Pole, mwanangu," akasema, basi.

Kisha Mama Shija akasogea, akampisha kwenye mkeka, akamwegemea begani akalia. Wanaume wakaketi, mmoja mmoja.

Si wote waliotusalimu tena. Na njiani kurudi mama alitetemeka hata nikamshika mkono. "Niliogopa sana," akasema. "Kitabu chako hakiondoi hofu. Kinakuonyesha tu pa kukanyaga."

Kwa hiyo, mwanangu, nakuusia: soma hekima, hata ya watu wa mbali, ila usiitumie kuufanya moyo wako jiwe. Lililo lako kulitenda, litende hata ukitetemeka. Watu waachie ndimi zao. Na ukisikia mzee anasemwa, kaketi karibu naye kwanza, maswali baadaye. Mungu akujalie miguu isiyokwepa msiba wa mwenzako, akufikishe uzeeni, na uzee wako usimtishe mtu.