Doa la Mafuta ya Nyonyo

Harufu ya mafuta ya nyonyo yakichemka hunirudisha jikoni kwetu, nje kidogo ya mji wa Sumbawanga, enzi za Mwingereza, msimu wa mvua ambao baba alirudi kutoka migodi ya shaba ya Rodesia ya Kaskazini. Alikuja na kikohozi, blanketi moja na viatu vya swedi, ile ngozi yenye vinyweleo vifupi, laini kama sikio la ndama, rangi ya ulezi ulioiva. Katika nchi ambayo mvua ikinyesha kila njia hugeuka tope, viatu vile vilikuwa kama mgeni aliyepotea njia. Baba alivitunza kwa subira, akanifundisha nami, binti yake wa kwanza. Tope bichi halikuguswa. Lilingojewa likauke kando ya moto, ndipo tukalisugua kwa gunzi kavu la mahindi, kuelekea upande mmoja, kama anayemchana mtoto nywele. Vinyweleo vilipolala, aliviinamisha viatu juu ya mvuke wa chungu mpaka vinyweleo visimame tena. "Taratibu, mama," aliniambia, kwa kuwa nilibeba jina la mama yake. "Ukivisugua kwa hasira vitaota kipara kama cha babu yako."

Jioni moja kikohozi kilimpa nafuu, akataka kumwonyesha mama jinsi wachimbaji walivyocheza dansi siku za mapumziko. Akazunguka, akarudi nyuma, kisigino kikapiga kibuyu cha mafuta ya nyonyo, na mafuta yakamwagikia kiatu cha kushoto. Mama alicheka mpaka akakaa chini. "Bwana mkubwa wa migodini, maji yakimwagika hayazoleki!" Baba naye, akihema, akajibu, "Hayo ni maji, mke wangu. Mafuta hunywewa na unga." Akakifukia kiatu kwa unga wa ulezi hadi asubuhi. Unga ulikunywa ulichoweza, lakini karibu na vidole lilibaki doa lenye umbo la jani la mharagwe. Sikumsikia tena mama akicheka vile.

Baba hakuyaona mavuno. Wakati wa kumaliza matanga ulipofika, ndugu walikubaliana kwamba viatu vichukuliwe na baba mdogo, aliyekuwa akilima huko kijijini Kate. Asubuhi hiyo shangazi, dada yake baba, alinikabidhi viatu vikiwa bado na tope la safari ya mwisho ya baba, alipokwenda kutafuta dawa misheni ya Kaengesa. "Vitu vya marehemu havitolewi na uchafu," alisema. "Toa tope, na hilo doa ulitoe. Yaliyopita si ndwele." Nikakaa nyuma ya nyumba na gunzi langu. Tope likaanguka chembe kwa chembe, nami nikaona kama nyayo za baba zinanitoka mikononi. Doa nilitaka libaki. Lilikuwa ndicho kitu pekee kilichosalia cha ile jioni ya dansi. Lakini shangazi alinisimamia na bakuli la unga. Nikanyunyiza, nikasugua, nikanyunyiza tena, na kwa kuwa nilikuwa nimefundishwa vizuri, doa likaanza kutii. Ndipo mkono wa mama ukanishika kifundo cha mkono. "Basi," alisema. Shangazi akainama, akakitazama kiatu. "Bado linaonekana, wifi." "Ndiyo, wifi. Ndiyo maana nikasema basi."

Baba mdogo alivivaa mlangoni, akashukuru kwa sauti iliyokatika, akaondoka kwenye manyunyu. Hakuwa na kosa lolote. Kwa miaka kadhaa, kila alipokuja mjini Jumapili, niliinamisha kichwa kanisani, na wazee wakanisifu kwamba ni binti wa sala. Kumbe nilikuwa nikilitafuta lile doa, likififia chini ya madoa mengine, hadi Jumapili moja alipokuja amevaa viatu vipya.

Nimesoma hadi chuo, nimefundisha, nimeupita umri ambao baba aliufikia. Mwanangu naye ana viatu vya swedi. Huvisafisha kwa brashi ya dukani na unga wa kopo, na hata mafuta ya gari hutoka yote, pasibaki kivuli. Juzi aliniletea nivitazame, uso umemng'aa. "Mama, ona, kama havijawahi kuvaliwa na mtu!" Nikavipokea, nikavigeuza kwenye mwanga, nikakitafutia kidole changu mahali pa kugusa. "Ndiyo, mwanangu," nikamwambia. "Kama havijawahi kuvaliwa na mtu."