Kibuyu Kilichooshwa kwa Sabuni

Maziwa aliyokamua mama yalinukia moshi. Si ule moshi wa jikoni unaotoa machozi, bali moshi mtamu wa mti wa kwetu Hanang. Kila asubuhi, kabla ya kukamua, mama alichoma ufito wa mti ule na kusugua kaa lake ndani ya kibuyu. Tulipohamia Kisarawe na ng'ombe wetu, fito zilikuja nasi zimefungwa kwenye ngozi, maana huku Pwani mti huo hatukuuona. Sisi ni Wabarbaig, ila kijijini walituita Wamang'ati, jina lenye maana ya maadui, nasi tuliitikia tu. Ungefanyaje?

Kiangazi kile wanakijiji walianza kusema tuondoke, ng'ombe wetu wanamaliza mihogo yao. Kweli waliimaliza, sibishi. Mama akaamini kwamba wakionja maziwa yetu watatuzoea na watatuacha tukae. Akampelekea Bi Mwanahawa, jirani pekee aliyekuwa akiitikia shikamoo zetu. Bibi akanusa, akatabasamu kwa kuona haya.

"Mwanangu, maziwa mazuri, lakini yananuka moshi. Hebu kioshe hicho kibuyu na sabuni."

Kwetu kibuyu hakiguswi na sabuni. Kinasafishwa kwa moto. Na kile mama alipewa na mama yake siku alipoolewa. Nilimwona akimimina sabuni ya unga, akisuuza, akisuuza tena, mdomo kaubana. Kesho yake maziwa yakanuka sabuni, na Bi Mwanahawa akayarudisha kwa adabu zote. Mama akarudia fito zake, akafukiza mpaka wa mwisho ukaisha. Wapi, sabuni ilikuwa imeshaingia ndani. Na kabla mvua haijanyesha tukafukuzwa vilevile.

Leo naishi Kongowe ya Kibaha na nanunua maziwa ya pakiti. Kibuyu kile cha mama nimekitundika sebuleni, na wageni wanakisifia, eti huu ndio utamaduni wetu. Wetu! Nawakaribisha chai, basi. Mwezi uliopita mama alikuja kutibiwa macho pale hospitali ya Tumbi. Alikipapasa ukutani, akakishusha, akafungua kifuniko na kuingiza pua, akakaa hivyo kitambo. Nikamuuliza kama amepata harufu ya nyumbani.

"Sabuni," akasema, akanirudishia.