Bega la Hakimu

Siku hizi watu wananunua suti za dukani, zinawaning'inia kama nguo kwenye kamba, nao wanajisifu. Zamani suti ilikatwa mezani kwetu, na mkasi mkubwa haukushikwa na mwanamke. Wanawake walitia vifungo na kukunga pindo. Kusoma nilijifunza mwenyewe kwa magazeti tuliyochorea vipimo, na sikuwahi kukuta palipoandikwa kwamba utaratibu huo ni mbaya.

Binti wa kaka yangu alikuwa ameshatafutiwa mume, muuza mbao. Asubuhi moja akasema hamtaki. Anataka kukata suti, awe na meza yake.

Kaka akamtupia kitambaa cha hakimu mstaafu, mteja wetu wa miaka kumi na minne. Mjini kote hapakuwa na kingine kama hicho. "Kata. Koti likimkaa, muuza mbao atatafuta kwingine. Ukiharibu, utaolewa ukiwa umefunga mdomo."

"Baba mdogo ndiye shahidi," binti akasema.

"Mimi simo," nikasema. "Leo shahidi, kesho mtanifanya mshenga."

Sisi tulikunja kitambaa mara mbili, tukakata kulia na kushoto kwa mkato mmoja. Yeye alikikunjua chote. Akachora upande wa kulia, kisha wa kushoto, na michoro haikulingana.

Kaka akasimama. "Unawakatia watu wawili?"

"Hakimu ni yuleyule, baba."

"Haya. Umeyavulia nguo, yaoge."

Binti akaipitia michoro yote miwili kwa kidole. Kisha mkasi ukaingia. Nilijikuta nimeshikilia kiti.

Jumamosi hakimu akaja kujaribu. Makoti yetu yote yalimkunjamana kwapani kushoto, nasi tulimwambia asimame wima. Hili lilitulia. Bega lake la kushoto liko chini kuliko la kulia. Tumelipima miaka yote hiyo bila kuliona. Akageuka mbele ya kioo, akageuka tena.

"Kumbe sikuwa nimepinda mimi," akasema.

Kaka akautungua mkasi msumarini, akampa binti, mpini mbele. "Kaa meza ya dirishani. Mimi nitakusimamia."

Binti akaupokea kwa mikono miwili, akaurudisha msumarini.

"Ahsante, baba. Huo ni wako. Nitatafuta wangu."

Akapanga chumba jirani na fundi viatu. Muuza mbao akaoa kwingine. Mimi bado nakunja kitambaa mara mbili, nilivyofundishwa. Hakimu hajarudi kwetu.