Samadi ya Mbuzi Ndani ya Birika la Bibi

Juzi mjukuu wangu kavundika samadi ya mbuzi kwenye ndoo, ati anyweshee maua yake. Ile harufu iliponipanda puani nilicheka mpaka meno yangu ya kununua yakataka kutoka. Skuli mimi sikuingia, jamani, lakini somo la samadi na maji nalijua, tena nililisoma kwa machozi. Sogeeni niwambie.

Nyumba yetu ilikuwa Mji wa Kale, kwenye kichochoro ambacho wanene wawili hawapishani. Uani tulikuwa na birika. Si la chai! La kujengwa kwa chokaa, kubwa kama chumba, la kukingia maji ya mvua kutoka darini. Maji ya kisima yalikuwa ya chumvi, sabuni haitoi povu, kwa hivyo ya birika ndiyo tuliyonywa, tukapikia, tukatawadhia. Bibi, mama yake baba, alifuga humo visamaki vya kula viluwiluwi vya mbu.

Mwaka huo shangazi yangu Zuhura alikuwa aolewa. Katawishwa ndani nyuma ya pazia, hata jua halimuoni, na maji ya kumkogesha siku ya harusi ni hayo hayo ya birika, mvua ishakatika. Mimi, miaka minane, roho juu! Kila kitu chapakwa rangi, chasuguliwa, chafukizwa udi, ila samaki wangu tu, wembamba kama sindano. Wageni watasemaje?

Sasa, Bibi kila Ijumaa akiyeyusha samadi ya mbuzi akiimwagia asumini yake, na asumini ikichanua mpaka majirani wakaona wivu. Nikapiga hesabu yangu: kilichonenepesha asumini kitanenepesha samaki. Watu walipolala mchana, nikabeba makopo manne ya samadi, chubwi! Nikatia na ukoko wa wali, wasile kikavu.

Wiki haikwisha, maji yakageuka. Kwanza kama chai ya majani mabichi, halafu kijani kibichi, utando juu, harufu ya kitambaa kilicholala na maji. Nikienda alfajiri nawaona samaki wote wako juu, vinywa wazi, wahema kama wazee waliopanda ngazi. Wengine washageuza matumbo. Nikarudi kitandani nikajifunika gubigubi. Siku tatu nilifanya hivyo.

Bibi akamwita Maalim wa chuo cha Kurani, yule aliyesema kwa pua. Akateka kwa kata, akanusa, ndevu zikaingia majini.

"Mmmh. Maji mengi haya, Bi Rukia, hayanajisiki ovyo. Yakigeuka yenyewe kwa kukaa, hayana neno. Yakigeuzwa na uchafu, basi ni najisi, na sala ulizosali utazirudia. Kuna kilichoingia?"

Bibi naye sauti yake tarumbeta: "Kiingie nini, Maalim! Birika langu mimi? Nalifunika kama mwari! Wal—"

"Bibi, usiape!"

Sauti ilikuwa yangu, wala sijui ilitokea wapi. Bibi kuapa jina la Mungu kwa uongo wangu mimi? Nikayatapika yote pale pale, makopo manne na ukoko.

Bibi akaanza kuhesabu sala kwa vidole, vya mikono vikamwishia, akatazama vya miguu. Ndevu za Maalim zikatikisika. Halafu nyuma ya pazia shangazi akalia, "Ole wangu! Harusi kesho kutwa, nami naoshwa kwa supu ya mbuzi!" Hapo hata Maalim alicheka kwa mdomo.

Mchana huo kichochoro kizima kilikuwa uani kwetu. Ndoo zatoka, ndoo zaingia! Birika likamwagwa, likasuguliwa kwa makumbi ya nazi. Samaki waliopona, tisa tu, wakawekwa kando kwenye sufuria ya maji. Kila nyumba ikaleta ndoo moja ya maji yake ya mvua, na kila ndoo na kigelegele chake. Shangazi alikogeshwa kwa maji ya nyumba kumi na nne, na akang'ara.

Adhabu yangu ilikuwa kumtandikia Bibi mswala kila aliporudia sala. Ya mwisho alipomaliza, akanishika sikio. "Samadi nimekusamehe," akasema, polepole, si kwa tarumbeta. "Zile siku ulizowaona samaki wahema ukanyamaza, hizo bado."

Miaka mingi niliamini samadi ni sumu. Mpaka nilipohamia karibu na maji ya Tudor, ule mkono wa bahari panapomwagwa vyoo na sabuni za mji mzima, nikaona tena ule ukijani na vile vinywa wazi. Kijana mmoja mwenye vichupa vya kupimia akaniambia, "Mama, si sumu. Ni chakula kimezidi. Ukijani wanenepa, ukifa waoza, na kuoza kwamaliza hewa ya majini." Kumbe samaki wangu walikosa pumzi kwa karamu yangu mwenyewe! Na huku Tudor, nani atalimwaga birika?

Basi nikavaa buibui nikaenda ofisi ya baraza la mji. Karani akaniangalia juu ya miwani. "Nyanya, hili lakuhusu nini?"

Nikamwambia, "Andika kwamba nimewaona wahema." Akasema atanipigia. Kesho naenda tena.